Callow, green, raw, naive au inexperienced: we mgeni wa kazi ujiite nani?

Nina steshenari ndogo karibu na chuo, natoa kopi, naprinti, nafunga ripoti, na msimu wa kuomba kazi ukifika mkate wangu mkubwa ni barua. Sasa mwezi uliopita akaingia binti mmoja kamaliza diploma ya uhasibu, flashi mkononi, "Shikamoo anko, naomba uniprintie hii kopi tatu." Nikaitikia, nikachomeka, ile kufungua tu mstari wa kwanza unasema "I am a callow graduate of accountancy". Nikajizuia kucheka. Nikamuuliza mwanangu hii callow umeitoa wapi? Akasema mwanzo aliandika "inexperienced" akaona imekaa kinyonge, akabonyeza Shift na F7 kwenye Word ikamletea orodha ya maneno yanayofanana, akachagua lile ambalo hajawahi kuliona maishani mwake, akidhani litaonekana la kisomi.

Simlaumu hata kidogo. Ile orodha ndo inadanganya watu, inakupangia maneno kama vile yote ni sawa chagua tu unalopenda. Ni kama mtu umuulize ndugu zako wakoje afu akutajie majina matano akanyamaza, hajakwambia yupi mlevi yupi mwizi yupi mtu wa swala tano. Haya maneno kweli ni ndugu, yote yanasema huyu mtu hajazoea, ila yanatofautiana kwenye jambo moja kubwa ambalo Word haikwambii: anayesema anamchukuliaje anayesemwa. Kuna neno linalotoa taarifa basi, kuna la utani, kuna linalokupima kama kuna kitu ndani yako, kuna linalosema kichwa chako kina shida, na kuna linalokutemea mate kabisa. Na binti yangu kati ya yote alijichagulia la mate.

Ngoja nianze na hilohilo callow maana ndo lenye mambo mengi.

Kulitamka, chukua "shallow" uliyozoea, toa sh weka k. Asili yake ni Kiingereza cha kale, "calu", na maana yake ilikuwa kipara. Eeh, kipara, kichwa kisicho na nywele. Wajerumani mpaka leo kipara wanaita "kahl", ni ukoo mmoja. Baadaye kwenye miaka ya 1500 hivi na kuendelea Waingereza wakawa wanalitumia kwa makinda ya ndege ambayo hayajaota manyoya, na kutoka hapo likahamia kwa vijana. Kwa hiyo ukimwita mtu callow picha iliyopo nyuma ni kinda uchi.

Na sio kinda lolote, hapa ndo utamu ulipo. Usifikirie kifaranga cha kuku, kifaranga kinatoka kwenye yai kimeshavaa, siku hiyohiyo kinamfuata mama yake kinadonoa. Fikiria kinda la shomoro. Mi juu ya bati la duka langu shomoro wametengeneza kiota kwenye uwazi wa ukuta, siku moja likadondoka kinda chini pale mlangoni, aisee kile kitu kinasikitisha, ngozi ya pinki imekunjamana, macho hayajafumbuka, tumbo kubwa, shingo haiwezi kubeba kichwa, lakini mdomo sasa! Mdomo umeachama kuliko mwili wenyewe. Hiyo ndo callow. Hajui kitu, hana hata unyoya, ila mdomo uko wazi muda wote. Ndo maana neno hili halisemi tu kwamba mtu hana uzoefu, linaongeza kwamba ni mdogo, hajakomaa, na mara nyingi hata hajijui kama hajakomaa. (Watu wa wadudu nao wanalo, siafu au chungu aliyemaliza tu hatua za utoto akawa mdudu mzima ila bado kapauka na ganda lake laini wanamwita callow, na kwao hakuna tusi, ni istilahi tu.)

Matumizi yake basi. Utalikuta sana kwenye "a callow youth", hao wawili wameoana, kijana asiyejua dunia. Linapenda kukaa mbele ya nomino, na linahitaji ujana. Mfanye jaribio hili: mwalimu mstaafu wa miaka 60 ameamua kufuga nyuki, hajawahi hata kushika mzinga. Huyo ni inexperienced, unaweza hata kumtania ni green, ila callow haiingii hata kwa kusukuma, kwa sababu mzee ana maisha yake kichwani, anachokosa ni nyuki tu. Callow ni mtu anayekosa maisha yenyewe. Kijana wa miaka 19 anayemfundisha mjane namna ya kuvumilia msiba, huyo sasa.

Unaweza kujiita mwenyewe callow? Unaweza, ila ukiwa unaangalia nyuma. Mzee wa miaka 50 anasimulia mambo aliyomfanyia mpenzi wake chuoni anasema "I was callow and selfish", hapo inapendeza, anajisuta. Lakini kwenye barua ya kazi, leo, we mwenyewe, "I am a callow graduate"? Umeshajisuta kabla hujaajiriwa.

Halafu kuna pacha wa uongo, "callous". Watu wanachanganya kila siku, hata wanaojiita walimu. Callous ni mwenye roho ngumu asiyejali maumivu ya mwenzake, na linatoka kwenye neno la sugu, ile ngozi inayokuwa ngumu kwenye kiganja cha mlima jembe. Ukishika hiyo hutachanganya tena: callous ngozi imeota sugu, callow ngozi ndo kwanza haijaota hata nyoya. Moja kapigwa na dunia mpaka kakauka, mwingine dunia haijamgusa.

Kwa Kiswahili kinda tunalo na tunalitumia, sikiliza watangazaji wa mpira, "kinda wa miaka 17 ameanza kikosi cha kwanza". Lakini kinda letu lina mapenzi ndani yake, mtu akisema kinda unasikia matumaini. Kwa hiyo usije ukatafsiri kinda wa Ligi Kuu kuwa "callow player" ukafikiri umemsifia. Ukitaka harufu ya callow kwa Kiswahili nenda kwenye "ubwabwa wa shingo haujamtoka", ile ambayo mama anasema akiwa kaweka mikono kiunoni, "hata ubwabwa wa shingo haujamtoka anataka kunifundisha mimi kulea". Hapo umepata, umri mdogo, kutojua, na mdomo.

Na limbukeni je? Watu wengi waliwahi kunibishia kwamba limbukeni ndo callow. Karibu, ila hapana. Limbukeni mtaani ni yule aliyekipata kitu kwa mara ya kwanza basi hatulii, kanunua simu mpya anaipokea kwa spika ndani ya daladala, anaweza kuwa na miaka 55 limbukeni vilevile. Limbukeni tatizo lake ni kukipata, callow tatizo lake ni kwamba hajapitia.

Tuje green. Hili ndo rafiki wa Mswahili kwa sababu tunafikiri sawa na wao, kidogo. Kwao ni kijani kwa maana ya tunda halijaiva au kuni hazijakauka, na sisi tuna bichi. Lakini cheki bichi ya kwetu ilivyobeba mizigo: embe bichi halijaiva, nyama mbichi haijapikwa, kuni mbichi zina maji, samaki mbichi ni wa leo. Mwingereza hiyo kazi kaigawa kwa maneno kadhaa, green kwa kuni na tunda, raw kwa nyama, fresh kwa samaki. Kwa hiyo ukiwa na "mbichi" kichwani ukaruka moja kwa moja kwenye green utaangukia pua mara nyingine.

Mfano mkubwa na huu nimeushuhudia kabisa. Sisi tukisema "yule mama bado mbichi" tunasifia, yaani umri umeenda lakini mwili unadai, ngozi inang'aa, ukimwona na binti yake utauliza nani mama. Sasa jamaa mmoja akamwandikia shangazi yake anayeishi Uingereza kwenye kadi ya besdei ya miaka 60, kwa kiingereza ili wajukuu nao wasome, "Auntie you are still green". Wale wajukuu wakamuuliza bibi, bibi kwani wewe hujui kazi yako? Au unaumwa? Maana "you look green" kwao ni mtu anayekaribia kutapika, "green with envy" ni wivu, na siku hizi green tupu bila maelezo watu wanafikiria mazingira na umeme wa jua. Jamaa alitakiwa aandike kwamba haonekani kama ana miaka 60, mambo yakaisha.

Ila ukiitumia panapotakiwa green ni neno zuri, halina chuki. "He's a bit green but he'll learn", mtu anatabasamu wakati anasema. Lina kukubali ndani yake kwamba tunda bichi kesho litaiva, sio kosa la tunda. Ndo ile kuku mgeni hakosi kamba mguuni, hakuna anayemchukia kuku, kamba itafunguliwa akishazoea banda. Shuleni bweni tuliwaita wa form one njuka, jeshini JKT anaitwa kuruta, wote hao wakati unawacheka unajua ulikuwa wao mwaka juzi, na hiyo ndo hali ya green. Kazini wanaisema mdomoni zaidi kuliko kwenye maandishi rasmi. Bosi akikwambia kwenye intavyuu "you're a little green for this role", hajakutukana, ila ujue pia kazi hujaipata.

Shakespeare aliunganisha mambo yote mawili, rangi ya kijani na ubichi, kwenye igizo lake la Antony and Cleopatra, akamfanya Kleopatra aite ujana wake siku za saladi, kitu cha kijani afu hakijapita motoni. Mpaka leo mtu akisema "my salad days" anamaanisha huko, siku za ubichi. Ukikutana nayo kwenye mtihani usifikirie alikuwa kwenye dayati.

Raw sasa ndo ile ya nyama. Hii ina sura mbili na lazima uangalie imekaa na nani. Ikikaa na "talent" ni sifa, "raw talent" kipaji kipo kibichi hakijanolewa. We si unaangaliaga mechi za Uingereza kwenye vibanda umiza, sikiliza siku moja wachambuzi wakimzungumzia winga wa miaka 18 mwenye mbio, watasema "he's still a bit raw", maana yake mbio anazo, chenga anazo, ila krosi inaenda kwa mashabiki. Ndani ya raw kuna ahadi, kuna mali ghafi, mtu anasema hii dhahabu ila bado iko na udongo. Ikikaa na "recruits" ni wale makuruta wa siku ya kwanza, hapo sio sifa sana, ni kwamba hawajapikwa. Lakini hata hapo inamtazama mtu kama kitu kinachoweza kutengenezwa. Samaki mkunje angali mbichi, umeona? Ule ubichi wa kwenye methali ni faida, ndo wakati anakunjika. Ukitaka kuwaza raw, waza samaki wa hiyo methali. Ukitaka green waza embe.

Ujiite raw kwenye barua? Mmm. Kumwita mtu kipaji kighafi ni kazi ya kocha, ukijiita mwenyewe umejipa maksi kabla ya mtihani.

Sasa naive, na hapa nina kidonda changu. Kabla sijafungua duka nilifanya kazi kwenye ofisi moja ya kusambaza dawa, tukaletewa kijana wa fildi, kijana mzuri, anawahi, anauliza, hana makuu. Mwisho wa fildi nikapewa nijaze ile fomu yake ya tathmini, pale kwenye maoni ya jumla nikaandika kwa kalamu ya bluu "He is naive but hardworking". Mi nilimaanisha mgeni wa kazi ila anajituma! Baada ya wiki mbili kijana kanipigia, sauti ya chini, "Samahani kaka, nilikukosea nini?" Kumbe supavaiza wake chuoni kamuuliza kwani huko ulifanya ujinga gani mpaka wakaandika hivi. Mpaka leo nikikumbuka nahisi joto la uso.

Kwa sababu naive haisemi hujui kazi. Inasema unaamini vitu kirahisi, unadhani dunia ni nyepesi, akili yako haina mashaka pale panapotakiwa mashaka. Utamkaji ni naa-iiv, mkazo uko mwishoni, sio "neivu". Limetoka Ufaransa, na huko limetoka kwenye Kilatini cha kitu cha kuzaliwa nacho, cha asili, ndo maana zamani lilikuwa na uzuri wake, mtu asiyejifanyisha. Ule uzuri umebaki kidogo kwa watoto na kwenye sanaa, mchoraji ambaye hakusoma chuo anayechora kwa moyo wake kazi yake wanaweza kuita "naive art". Kwa mtu mzima ofisini uzuri umeisha.

Tofauti ya green na naive mi naipima pale stendi ya Mbezi. Umeshuka na basi kutoka mkoani mara ya kwanza, begi kichwani, jamaa kakubebea begi mita kumi kakudai elfu kumi ukatoa. Ulikuwa green, hukujua bei, ungejuaje. Sasa umekaa mjini miaka sita, unaingia meseji "ile hela tuma kwenye namba hii", hujui namba ya nani, huna deni na mtu, na unatuma. Hiyo ni naive, na hakuna miaka ya uzoefu inayotibu, kuna watu wana mvi na maprofesa na ni naive. Kwa hiyo green na callow dawa yake ni muda, naive mtu anaweza kuzeeka nayo.

Kisarufi linapenda "naive to think that...", "ni uzuzu kudhani kwamba", na linapenda kubanwa na neno la mbele, "politically naive", kwenye siasa bado anaamini ahadi. Kwenye mpira wakisema "naive defending" ni ulinzi wa kitoto, beki anaparamia kila chenga.

Ila kuna sehemu moja naive ni neno safi kabisa lisilo na lawama, hospitali. Kwenye kliniki za ARV mgonjwa ambaye hajawahi kutumia dawa kabisa anaandikwa "treatment-naive", yaani mwili wake haujakutana na hiyo dawa, basi. Kama unasoma unesi au famasia usishtuke ukiikuta kwenye faili, hakuna aliyemwita mgonjwa mjinga.

Tumefika kwa inexperienced, ile ambayo binti aliikimbia kwa sababu imekaa kinyonge. Na mi ndo nasema kama lazima uchague moja kati ya hizi tano ya kuandika kwenye karatasi rasmi kumhusu mtu, hii ndo yenyewe, hasa kwa sababu haina ladha. Haimbusu mtu haimpigi kofi. Haina umri, mzee wa nyuki na kijana wa fildi wote inawaenea. Inataja pengo na unaweza ukasema pengo liko wapi hasa, "inexperienced in sales", hajazoea mauzo, "inexperienced with children", hajazoea kukaa na watoto, na hiyo ni haki kwa mtu kwa sababu unamwekea mpaka, humwambii hajui kitu duniani. Ningeandika hiyo kwa yule kijana wangu wa fildi asingenipigia simu.

Angalizo dogo, watu wanaandika "unexperienced". Neno lipo lakini wenye lugha hawalitumii karibu kabisa, utaonekana umekosea tu, baki na in.

Yaliyobaki nayapitia juujuu maana yanajieleza. "Wet behind the ears", nyuma ya masikio bado kumelowa, picha ya ndama aliyezaliwa sasa hivi hajakauka, ni utani wa mdomoni na una dharau kidogo, ndugu kabisa wa ubwabwa wa shingo. "Rookie" wanaipenda sana Wamarekani, kwa polisi wapya na wachezaji wa msimu wa kwanza, ni nomino sio kivumishi ingawa wanaiweka mbele ya maneno, "rookie mistake", kosa la mgeni. "Novice" ni nomino pia, ina heshima, hata mtawa aliye kwenye malezi anaitwa hivyo. "Fledgling" nayo ya ndege, ila huyu ana manyoya tayari anajaribu kuruka, kwa hiyo inatumika vizuri kwa biashara changa au chama kichanga, na ndo tofauti yake na callow, kinda moja linaruka jingine liko uchi. "Immature" achana nayo, hiyo ni tabia, mtu anaweza kuwa na uzoefu wa miaka 20 na akanuna kwenye kikao kama mtoto. Na "apprentice" wala usiichanganye humu, huyo ni mwanagenzi, mtu aliyewekwa kwa fundi ajifunze, kama wale wa mafunzo ya uanagenzi ya VETA, ni cheo halali kabisa.

Kwa hiyo ukiwa unachagua jiulize kwanza nani anasema na kumhusu nani. Unamsema mwenzako mbele yake kwa utani, green. Kocha anamsema mchezaji, raw. Unaandika ripoti, inexperienced na useme kwenye nini. Unataka kusema aliingizwa mjini kwa sababu anaamini kila mtu, naive, na uwe tayari kwa ugomvi. Unaandika hadithi na una mhusika wa miaka 20 anayejiona kamaliza dunia, chukua callow utaupenda. Na kama unajisema mwenyewe kwa mtu unayemwomba kazi, mi nakwambia hakuna hata moja, hata inexperienced usiiweke. Wanaotangaza kazi kwa watu kama wewe wana lugha yao, wanaandika "entry-level", basi warudishie neno lao, andika unaomba "an entry-level position". "Fresh graduate" huku kwetu inaeleweka na matangazo mengi yanaiandika, kama barua inaenda Uingereza au Marekani weka "recent graduate" ndo wamezoea.

Ndo nikamkalisha yule binti kwenye lile stuli la wateja. Nikamwambia tusahau neno kwanza, fildi ulifanya? Akasema ndio anko, wiki 8. Ulifanya nini? "Hamna, kawaida tu." Kawaida ipi? Akaanza kusema kwa aibu, nilikuwa naandika petikashi, nalinganisha hesabu za benki na za kwenye kitabu kila Ijumaa, kuna siku iligoma kwa elfu 40 nikaitafuta mpaka nikaiona, risiti ilirekodiwa mara mbili. Nikamwangalia. Yaani mtu ameipata elfu 40 iliyopotea kwenye vitabu vya watu afu anajiita kinda lisilo na manyoya.

Tukaufuta mstari wote, tukaanza na wiki 8, benki, petikashi na ile risiti. Nikaprinti kopi tatu, mia tano kila moja, hela ya kuhariri nikamsamehe. Akakunja kwenye bahasha, akafika mlangoni akarudi.

"Anko, sasa ile callow niitumie wapi? Nimeshaijua jamani."

Nikamuuliza hana mdogo wake wa kiume yuko form four? Akacheka, akasema anaye, na juzi alikuwa anamfundisha baba namna ya kuendesha gari.

"Haya, umeshapata pa kuiweka."